Nadharia ya Mpishano: uchawi wa sauti usiopigwa na mtu (karibuni mbomoe)

KijanaWaWalukuba

Wakuu, salaam. Huu ni mwaka wa pili naandika riwaya ya nchi ya kubuni iitwayo Uvumo. Kuna ziwa, visiwa saba, wafalme wanaogombea ushuru wa samaki. Kilichonikwamisha ni uchawi wake. Sitaki hirizi, sitaki mtu anyooshe kidole moto uwake. Nataka uchawi wa sauti, tena uwe na sheria ambazo hata mimi mwandishi siwezi kuzikwepa hadithi ikinibana.

Mwanzoni nilikuwa na sheria mbovu: kila kitu kina jina lake la siri, ukilitamka sawasawa kinatii. Nikaandika kurasa sitini, nikazitupa. Shujaa akishalijua neno, kazi imekwisha, kilichobaki ni kumsubiri alitamke.

Kisha nikaalikwa kwenye kwanjula, sherehe ya binti kumtambulisha mchumba kwao, upande wa Mukono hapa Uganda, na palikuwa na wapiga amadinda. Kwa asiyeijua: ni mbao 12 zilizolazwa juu ya vigogo viwili vibichi vya mgomba. Wapigaji wawili wanakaa wakitazamana, huyu upande huu wa mbao, yule upande ule. Wa kwanza anapiga wimbo wake kwa mwendo usioyumba hata chembe. Wa pili anaingiza wimbo wake mwingine kabisa ndani ya nafasi zilizoachwa, kila pigo lake likianguka katikati ya mapigo mawili ya mwenzake. Wa tatu amekaa mwishoni na mbao mbili tu, zile fupi za sauti ya juu.

Huyo wa tatu nilidhani amepewa kazi ya mtoto. Nikaenda kumuuliza wakati wa soda, akaniambia yeye hapigi wimbo wake, anapiga anachokisikia. Kila wale wawili wanapogusa mbao mbili za chini kabisa, yeye anazirudia huku juu. Na ukisikiliza mbao zile mbili peke yake unapata wimbo ambao hayumo mtu anayeupiga. Wa kwanza haujui. Wa pili haujui. Umezaliwa pale wanapopishana, kwa sababu sikio la binadamu linapenda kuzikusanya sauti za kimo kimoja: za chini pamoja na za chini, za juu pamoja na za juu, bila kujali zimetoka mkononi mwa nani.

Nilirudi Jinja sijala hata keki.

Basi katika Uvumo hakuna mchawi mmoja. Yupo Mtangulizi, yupo Mgawaji, na wakipishana inatokea Sauti Yatima, sauti isiyozaliwa na mtu. Hiyo ndiyo yenye nguvu. Wa tatu anaitwa Mdokozi: anaidokoa ile Yatima kutoka ndani ya fujo na kuielekeza inakotakiwa. Nguvu inadumu kadiri vigogo vya mgomba vilivyo vibichi. Vikikauka, mambo yote yanarudi yalivyokuwa. Kwa mpishano huu wanavunja miamba, wanazuia mvua, wanamlaza simba.

Naomba mbomoe. Msinionee huruma.

Mama_Busia

Nasogeza kigoda. Chai ipo, gonja ipo.

BintiBombo

Kaka, umeanza vizuri ukaharibu kwa neno moja. "Uchawi." Huku kwetu mtu akiitwa mchawi hawaulizi anatumia sauti au majivu, wanahama mtaa. Mganga unampelekea mgonjwa mchana, mchawi anakujia usiku. Sasa hao wapiga mbao wako wanaokaa watatu uwanjani, jua linawaka, wamama wanapiga vigelegele, watakuwaje wachawi? Sihiri nayo ni neno zito kwetu Waislamu, usilichezee. Mazingaombwe ni ya kuchekeshea watoto wa shule. Wewe mwenyewe umeshalitaja jina zuri: mpishano. Mtu asiroge. Apishane.

KijanaWaWalukuba

Dada, nimekubali, nabadilisha kila mahali. Ila anayefanya mpishano ataitwa nani? Mpishi?

BintiBombo

Ukimwita mpishi watamwagiza matooke. Mwite mpishani.

Mwalimu_Arua

Nafundisha fizikia, kwa hiyo mnisamehe. Nadharia ni tamu lakini ina tundu katikati, na tundu lenyewe ni kubwa kupita lori.

Umesema Sauti Yatima inazaliwa kwa sababu sikio linakusanya. Sawa kabisa. Ukichukua kipimo ukipime hewa ya pale Mukono, utapata mapigo ya mtu wa kwanza na mapigo ya mtu wa pili tu. Yatima haipo hewani. Ipo kichwani mwa anayesikiliza. Sasa mwamba utavunjwaje na kitu kilichomo kichwani mwa mtu? Mwamba una sikio? Mvua ina sikio? Simba sawa, simba anaweza kulala. Lakini hayo mawili ya kwanza umeyaleta kwa mazoea ya hadithi tu. Umeunda sheria nzuri kisha ukaivunja katika aya ileile.

Chagua moja. Ama mpishano unawafika wanaosikia tu, ama utuambie nani mwingine ana sikio.

KijanaWaWalukuba

Mwalimu, nimekaa na jibu lako tangu asubuhi, hata kazini nimekosea hesabu ya magunia.

Ukweli nilitaka mwamba uvunjike kwa sababu kuna sura ambamo shujaa amefungiwa pangoni. Ningeweza kuifuta. Lakini ngoja, pango lenyewe je? Ukipiga kelele pangoni, kuna kimo kimoja ambacho pango linakipokea na kuvuma nacho, vingine linavipuuza. Chupa nayo ukiipuliza mdomoni inatoa kimo chake hichohicho. Je, nikisema katika Uvumo kila chenye uwazi ndani kina sikio? Chungu, kibuyu, pango, nyumba, kifua cha mtu. Kilichojaa hakisikii.

Mwalimu_Arua

Hapo umenishika. Kitu chenye uwazi huitikia kimo chake mwenyewe na kukipa nguvu, hilo ni la kweli na halihitaji riwaya. Kwa hiyo mwamba wako mgumu hauvunjiki kamwe, lakini pango linaweza "kuambiwa" jambo. Mvua futa. Wingu halina ukuta.

KijanaWaWalukuba

Mvua nimeifuta. Imeniuma.

Afande_Mstaafu

Vijana, mimi si mtu wa riwaya, nimekaa jeshini miaka mingi, naangalia kitu kimoja tu: adui atajikinga vipi? Kama chungu kina sikio kwa sababu kina uwazi, nitakijaza mtama. Kimekuwa kiziwi. Nyumba nitaijaza magunia. Mji unaoogopa vita utajulikana kwa maghala kujaa mpaka darini, na mji uliokula akiba yake yote utakuwa na masikio kila kona. Njaa inakuja kwanza, mpishano unafuata nyuma yake. Ndivyo ningewapiga mimi.

Mama_Busia

Afande, wewe usipewe nchi.

Mwalimu_Arua

Nyongeza ndogo. Ukijaza nusu, chungu hakiwi kiziwi. Kimo chake kinapanda tu, kama chupa ya soda unapoizidishia maji. Kwa hiyo mama mwenye nusu gunia anaweza kubadilisha kila siku kimo cha nyumba yake, na wapishani wa nje wakabaki kukitafuta.

KijanaWaWalukuba

Hii naiba. Mama anayehamisha mtama kila jioni kutoka chungu hiki kwenda kile, na majirani wanamwona kichaa. Naiba waziwazi.

MsogaWaShimo

Nimesoma kimya, sasa niseme. Kwetu Busoga tunapiga embaire. Mbao ni kubwa, wanakaa watu sita na zaidi kwenye chombo kimoja, na chini yake tunachimba shimo ardhini. Shimo ndilo linalotoa ile sauti nzito inayokupiga tumboni. Kwa hiyo hilo la uwazi kuwa na sikio, sisi tulishalichimba.

Ninachotaka kukosoa ni kwamba unaongea kama vile hao watatu ni lazima wawe wanajua wimbo wote. Hapana. Wengine hawajui. Kuna ngoma zetu za bigwala, tarumbeta za vibuyu, kila tarumbeta inatoa sauti moja tu. Mtu ana sauti yake moja, anasubiri zamu, anapuliza, anasubiri. Wimbo haumo kwa yeyote, umetapakaa. UNESCO iliiingiza bigwala mwaka 2012 kwenye orodha ya urithi unaohitaji kuokolewa haraka, kwa sababu wazee wakifa mmojammoja kinachopotea hakilingani na mtu mmoja. Mwenye sauti yake akiondoka, kila wimbo unabaki na tundu palepale alipokuwa.

Weka hilo kwenye vita vyako. Mfalme mwenye akili hawaui wapishani wote. Anamuua mmoja, anawaacha wengine wazeeke na nyimbo zenye matundu.

Dijei_Kisenyi

Msoga kasema kweli. Hata entenga, ngoma za Kabaka, mfalme wa Buganda, zilikuwa 15: 12 za kupigia wimbo, zinapigwa na watu wanne, na 3 nzito za watu wawili. Lubiri, ikulu yake ya Mengo, iliposhambuliwa Mei 1966 wapigaji wakatawanyika, kila mtu na kipande chake, na kwa miaka mingi zikanyamaza. Hapo si lazima ubuni sana, ssebo.

KijanaWaWalukuba

Banange. Nimewasoma nyote wawili nikaenda kutembea mpaka ufukweni.

Sura ya kwanza nimeibadilisha. Ikulu ya Uvumo imechomwa miaka thelathini kabla hadithi haijaanza. Wapigaji wametawanyika visiwani, mmoja anauza chumvi, mwingine amekuwa mvuvi, na kila mmoja amewafundisha wanawe kipande chake bila kuwaambia kwamba ni kipande. Watoto wanadhani ni wimbo mzima, wimbo wenye mwanya wa ajabu katikati. Shujaa wangu ni binti anayeupiga wimbo wa babake uani, halafu siku moja msafiri mgeni aliyeshuka mtumbwini anakaa ng'ambo ya mbao bila kuombwa, anaingia kwenye mwanya.

BintiBombo

Nywele zimenisimama. Usiwafanye wapendane haraka.

Afande_Mstaafu

Swali. Hiyo Yatima inasema nini? Inakuambia kwa lugha gani? Mimi niliyekulia kambini na Kiswahili changu cha kambini nikisimama pale nitasikia nini?

KijanaWaWalukuba

Afande, hilo ndilo swali nililokuwa nalikwepa. Kwa Waganda, Luganda ni lugha ya toni, sauti inapanda na kushuka ndani ya neno, kwa hiyo ngoma inaweza "kusema". Kila ukoo una mubala wake, kauli yake ya ngoma, na wenye ukoo wakiisikia wanasikia maneno kabisa, hawasikii ngoma. Na kwenye amadinda msikilizaji anaweza kuokota ndani ya mbao maneno ambayo hayakuimbwa.

Kiswahili chetu hakina toni. Tunakaza silabi ya pili kutoka mwisho, basi. Ukitupigia mbao tutacheza, lakini hatutaambiwa kitu.

Kwa hiyo katika Uvumo, Yatima inamwambia neno mwenye lugha ya pale tu. Mgeni wa pwani anapita katikati ya mpishano wa kutisha akiwa anatafuna muwa, haumgusi. Wanamwajiri kwa hilo. Anabeba barua.

BintiBombo

Na watu wawili wenye lugha hiyohiyo, watasikia neno lilelile?

KijanaWaWalukuba

Hapana! Sikio la huyu linakusanya hivi, la yule vile. Umesimama upande wa Mtangulizi unasikia "rudi". Mwenzako upande wa pili amesikia "ruka". Ndiyo maana Mdokozi analipwa kuliko wote: kazi yake ni kuhakikisha umati mzima umesikia neno moja. Mdokozi mbaya anaua watu.

Dijei_Kisenyi

Sasa twende kwa adui. Kila hadithi inamtaka mtu mmoja mwenye tamaa. Sheria yako inasema lazima wawili. Mimi nakupa mtu peke yake: anakaa mbele ya genge la mlima, anapiga, mwangwi unarudi na kuingia kwenye nafasi zake. Amepishana na mlima. Haogopi kusalitiwa, hagawani mshahara.

Mwalimu_Arua

Dijei, njoo nikukumbatie. Tupige hesabu. Sauti hewani kwenye joto la nyuzi 20 inakwenda mita 343 kwa sekunde. Tuseme anapiga mara nne kila sekunde. Akikaa mita 150 kutoka kwenye genge, sauti inakwenda mita 300 kwenda na kurudi, karibu sekunde 0.875. Yaani mwangwi wa pigo lake la kwanza unaangukia katikati kabisa ya pigo la nne na la tano. Amepata Mgawaji.

Lakini angalia minyororo yake. Akitaka kupiga polepole au haraka, hawezi. Genge ndilo linaloshika mwendo. Na hewa ikipata joto sauti inaongeza kasi, takriban mita 0.6 kwa kila nyuzi moja. Alfajiri ikiwa nyuzi 16, sauti inakwenda mita 341. Mchana wa nyuzi 30, mita 349. Kwa hiyo mchana lazima apige haraka kidogo kuliko alfajiri, zaidi ya asilimia mbili, la sivyo mwenzake anateleza.

Dijei_Kisenyi

Asilimia mbili dijei yeyote anaisikia. Ukiunganisha nyimbo mbili zimepishana mwendo kwa kiasi hicho, baada ya sekunde chache zinaanza kukanyagana kama viatu vya kuazima. Binti wa Uvumo atalisikia jambo hilo akiwa mbali: "Huyu anaharakisha jua likipanda. Huyu hapigi na mtu."

Ila kuna tatizo jingine. Kila umbali unapokuwa maradufu unapoteza desibeli 6. Kutoka mita moja kufika mita 300 umepoteza karibu 50. Mwangwi utakuwa mdogo na mikono yake mwenyewe itaumeza. Mwalimu, okoa jahazi.

Mwalimu_Arua

Genge liwe limepinda kama nusu ya chungu, na yeye akae kwenye kitovu chake, mita hizo 150 kutoka kila upande wa ukuta. Sauti inayotawanyika inakusanywa na kurudishwa palepale alipo. Akisogea hatua kadhaa, ameipoteza. Kwa hiyo ana jiwe lake moja tu la kukalia duniani.

MsogaWaShimo

Mmesahau jambo kubwa kuliko desibeli. Kwenye mbao zetu wa pili hapigi wimbo wa wa kwanza. Anapiga wa kwake. Mwangwi hauna wimbo wake, unarudisha ulichoutuma. Kwa hiyo huyo bwana wa genge anaweza kupiga zile nyimbo chache tu ambazo zikipishana na nafsi zao zinatoa kitu. Nyingine zitatoa matope. Miaka ishirini amekaa juu ya jiwe lile, ana nyimbo tatu.

KijanaWaWalukuba

Ana nyimbo tatu.

Nimeandika sentensi hiyo ukutani kwa chaki. Mtu wa kuogofya kuliko wote Uvumo, na ana nyimbo tatu, na kila mtu visiwani anazijua, na bado hakuna la kufanya nazo. Mpaka mtu akae ndani ya genge na kupiga kitu kingine katika nafasi alizomwachia mlima.

BintiBombo

Msafiri wako mgeni hasikii neno. Anaweza kupanda hadi pale bila kudhurika.

KijanaWaWalukuba

Dada!!! Acha, usimalizie, nimeona.

Afande_Mstaafu

Kasuku je? Yule wa kijivu anaiga kila kitu. Mtu si angemfunza kasuku kuwa Mtangulizi?

KijanaWaWalukuba

Afande, kasuku ataiga sauti ya mbao vizuri kabisa, lakini mwendo usioyumba ataupata wapi? Katikati ya wimbo atasikia njugu zimemwagika. Lakini naweka mhusika aliyejaribu. Ana jicho moja.

Mama_Busia

Nami niwape taarifa. Jana usiku umeme ulikatika, nikawapa wanangu wawili vijiko na sufuria mbili, nikawaeleza hivyohivyo: wewe piga usiyumbe, wewe ingia katikati. Dakika kumi nzima kelele tupu, jirani akagonga ukuta. Halafu mdogo wao, aliyekuwa kajikalia pembeni anakula mogo, akaanza kuimba. Nikamuuliza wimbo huo umeutoa wapi, akaonyesha sufuria. Wale wakubwa wakakataa, wakasema wao hawaupigi huo.

Nimeshtuka kidogo. Niwanyang'anye vijiko?

KijanaWaWalukuba

Ana miaka mingapi huyo?

Mama_Busia

Minne.

MsogaWaShimo

Vijiko waachie. Sufuria zijaze maji kwanza.